Jina Lililolazwa

Mungu alimpa Faustine mdomo, na nadhani baadaye alijiuliza kama hakuzidisha kipimo. Kule kwao Tabora, kabla hajapanda ndege, Faustine alikuwa rapa wa bendi ya dansi. Rapa si mwimbaji hasa. Ni yule mtu ambaye magitaa yakishachanganya anashika kipaza sauti na kuwataja waliomo ukumbini mmoja mmoja, kwa jina, kwa kwao na kwa kituko chake, mpaka mtajwa anainuka kitini bila kuombwa. Watu walikuwa wakitoka mbali, wanalipa kiingilio, wanakaa saa nzima wakingoja tu Faustine afike kwenye jina lao.

Dubai alikuja kupiga pasi. Alikuwa dobi katika hoteli moja ya Al Rigga, huko chini kabisa kwenye mvuke na mashuka. Siku sita alikuwa mtu wa pasi. Ijumaa, swala ikishapita, alivua aproni, akapanda lifti ya mizigo hadi mkahawa wa ghorofa ya kwanza, na huko juu hapakuwa na bosi mwingine. Meneja aliwaruhusu yeye na wenzake kupiga muziki mchana wa Ijumaa kwa sababu viti vingekaa vitupu. Khalfan wa Unguja alishika besi. Wengine walikuja na kuondoka kadiri mikataba yao ilivyoisha.

Na watu walijaa. Walitoka Muhaisnah kwenye mabweni ya wajenzi, walitoka Naif kwenye vyumba vya kitanda juu ya kitanda, na wasichana wa kazi za ndani walikuja wale waliopewa ruhusa na madam. Aliyewahudumia alikuwa Jecinta, Mkenya, mwenye moyo wa dhahabu na ulimi wa pilipili.

"Soda moja kutoka saa nane mpaka saa kumi na moja?" alikuwa akiwaambia. "Kwani hii ni soda ama ni dripu ya hosi?"

Walicheka, wakaendelea kuivuta kidogo kidogo. Hawakuja kwa soda. Siku sita mtu alikuwa akiitwa "sekyuriti", au kwa namba ya kitambulisho chake, au kwa kupigiwa mluzi. Siku ya saba Faustine alimtaja: Boaz wa Kisii, mkwe wa watu, fundi wa vigae asiyejua kucheza lakini hakosi kucheza! Na Boaz akatoka kucheza vibaya huku ametabasamu mpaka masikioni.

Aliyependa kutajwa kuliko wote alikuwa mlinzi mmoja wa Machakos, kijana mrefu mwenye kicheko cha kuangusha vijiko. Jina lake silitaji sasa hivi, na utaona sababu. Tumwite Wajina, kama sote wa mkahawa ule tulivyokuja kumwita.

Mwanzoni mwa mwaka 2014 aliingia mama mmoja mweusi tii, mnene, mwenye nywele za mvi zilizojisokota, akakaa karibu na mlango. Jecinta akamkimbilia kwa Kiswahili, "Karibu mum, keti hapa kwa feni." Mama akatabasamu tu.

"Mmakonde huyo, n'nakwambia," Khalfan alisema jukwaani. "Wa Mtwara."

"Wapi! Huyo ni wa kwetu Ukambani," alijibu Wajina. "Mwangalie hilo paji."

Ubishi ukapamba moto. Hatimaye Faustine akachukua kipaza sauti na Kiingereza chake cha kupigia pasi, akamwuliza mgeni jina lake na kwao.

"Noreen," mama alisema. "Australia."

Ukumbi mzima ulicheka. Jecinta alishika kiuno. "Aki mum! Australia si ni ya wazungu?"

"Walitukuta," alisema Noreen, taratibu tu, kama mtu anayetaja bei ya nyanya.

Kicheko kikakatika. Halafu Faustine akapaza sauti kwa Kiswahili ili hata wa nyuma wasikie: "Anasema walimkuta!" Watu wakapiga meza, wakapiga vigelegele, na Boaz akasimama kumpa mkono. Kuanzia siku ile mama yule hakuwa mgeni tena. Alieleza kwamba kwao mwanamke wa umri wake huitwa shangazi na kila mtu, awe ndugu au asiwe ndugu. Hilo halikuhitaji kufundishwa pale. Akawa Shangazi.

Alikuwa amekuja kumlea mjukuu, kwa kuwa binti yake alikuwa mhudumu wa ndege na leo yuko huku, kesho kule. Kwao ni jangwani, katikati kabisa ya Australia, kwenye udongo mwekundu. Ijumaa moja alileta simu yake na kuwawekea wimbo. Ulikuwa wa rege, wa zamani kidogo, umerekodiwa kwa vyombo hafifu, lakini sauti ya mwimbaji ilikuwa nzito na haikuwa na haraka ya kwenda popote. "Uliza mchanga mimi ni nani," ndivyo wimbo ulivyosema. "Upepo umevuma, mchanga bado unaujua unyayo wangu."

Mwimbaji alikuwa kaka yake Shangazi, tumbo moja. Alisema wimbo huo unapigwa kwao kwenye mechi za mpira, harusini, mazikoni, na watu wakiandamana kudai ardhi yao. Kuna watoto waliofundishwa kuionea haya rangi yao, alisema, na wimbo ukianza unawaona wanainua kidevu. Aliyasema hayo bila kulia, lakini Jecinta alilazimika kwenda kufuta meza iliyokuwa safi.

Khalfan alijifunza besi yake kwa juma zima. "Hii haitaki vidole vingi, yakhe," alisema. "Inataka subira." Faustine akatia kibwagizo kwa Kiswahili, Shangazi akakubali. Na kwa kuwa Faustine ni Faustine, hakuweza kuuacha wimbo upite bila kutaja watu. Mwishoni ngoma na besi zilibaki peke yake, naye akaanza:

"Uliza mchanga! Boaz wa Kisii!"

"Mchanga unamjua!" ukumbi ukajibu.

"Uliza mchanga! Jecinta wa soda!"

"Mchanga unamjua!"

Wanaume waliokuwa wakizoa mchanga kwa koleo siku sita waliusikia wimbo ule kwa namna yao. Haikupita miezi miwili, ukawa ndio wimbo wao. Waliuimba kwenye basi la kampuni alfajiri, mpaka dereva Mpakistani akajua kibwagizo. Shangazi aliwarekodi na kumpelekea kaka yake. Mzee akajibu kwamba wanapiga haraka kidogo lakini anawaelewa. Tena aliposikia katika rekodi mlinzi mmoja akitajwa kwa jina kama lake, alicheka sana. "Nisalimieni wajina wangu," alisema.

Basi tulikoma. Wajina alizunguka Deira yote akitangaza kwamba ana wajina Australia, mwanamuziki, na kwamba damu ni damu.

Mwishoni mwa mwaka huohuo Shangazi hakuonekana Ijumaa mbili. Jecinta alikutana na binti yake dukani, akarudi na habari: mzee amefariki ghafla, na Shangazi anangoja tiketi ya kwenda kuzika.

Faustine aliumia kweli, na mtu wa Tabora akiumia kwa msiba hufanya mambo. Alikwenda Naif kwa wachapishaji wa fulana. Akachapisha picha ya marehemu kifuani, jina lake chini kwa herufi kubwa, na maua pembeni. Akakuza picha nyingine ya kuweka jukwaani, akaizungushia taa ndogondogo. Kisha akamtumia Shangazi ujumbe: tafadhali njoo Ijumaa, tunamuaga kaka yetu.

Shangazi alikuja. Alipofika mlangoni, bendi yote imevaa ile fulana, picha inameremeta, na Faustine kajaza kifua hewa. Akalitaja jina la marehemu. Akalitaja tena, kwa kulivuta, na kuwaambia watu wote walipaze hadi lifike Australia. Nao wakalipaza.

Shangazi aliufunika uso wake kwa viganja vyote viwili. Akageuka na kutoka.

Besi ilinyamaza yenyewe. Faustine aliruka kutoka jukwaani na fulana yake, akashuka ngazi mbiombio, akamkuta ameketi kwenye benchi la kando ya barabara, ameuelekeza uso wake ukutani.

"Shangazi, nimekosa nini? Nimekutukana?"

"Hukunitukana, mpwa wangu. Umefanya kwa mapenzi, nimeona," alisema. "Kwetu mtu akifa, jina lake linalazwa. Hatulitaji. Picha yake tunaigeuza. Tukilitaja tunamvuta nyuma, na sisi tunajikwaruza kidonda. Hata mwenye jina kama lake anaitwa kwa jina lingine mpaka ndugu wakae na kusema sasa basi, liamke."

Faustine alitazama kifua chake mwenyewe, herufi zile kubwa, akatamani barabara ipasuke immeze. Aliivua fulana papo hapo, akaigeuza ndani nje, akaivaa tena hivyo.

"Litalala muda gani?"

"Mwaka. Miaka. Sijui."

"Na wimbo? Tuuache?"

Hilo ndilo alilokuwa akiliogopa kuliko yote. Shangazi alimtazama kwa mara ya kwanza.

"Wimbo ni wa watu. Marehemu mwenyewe alituambia tusiunyamazishe. Uimbeni. Ila jina, hapana. Utaweza, mpwa?"

"Nitaweza," alisema Faustine. "Mpaka uje uniambie wewe mwenyewe."

Alipowasimulia wenzake ahadi aliyotoa, Khalfan alianguka kwa kicheko. "Faustine afiche jina? Bora fisi alinde bucha!"

Jecinta ndiye aliyeona tatizo. "Na huyu?" aliuliza, akimnyooshea mlinzi wetu kidole. "Si ni jina hilohilo?"

Ndivyo alivyogeuka kuwa Wajina. Mwanzoni alijiona mheshimiwa, kwa sababu msiba umemgusa hadi kwenye cheti cha kuzaliwa. Kila Ijumaa Faustine alimtafutia la kumwita: Mlinzi wa Malango, Twiga wa Machakos, Mume Mtarajiwa wa Mtu Asiyejulikana. Ukumbi ulikuwa ukingoja kusikia leo ataitwa nani. Lakini miezi ilipokwenda, kicheko chake kikaanza kupungua. Kazini alikuwa sekyuriti, na sasa hata Ijumaa hakuwa na jina.

"Kwetu ni kinyume," alimwambia Faustine siku moja kule chini kwa dobi. "Mtu akienda, jina lake tunalirudisha haraka kwa mtoto, ndio asipotee. Hawa wenu wanalificha."

"Si wangu. Lakini nimeahidi."

"Najua umeahidi. Lakini mimi sijafa, Faustine!"

Mwaka 2015 mkataba wa Wajina ukaisha na kampuni haikumwongezea. Khalas, basi, nyumbani. Sasa pale kwetu palikuwa na desturi: mtu anayeondoka kabisa hutajwa Ijumaa yake ya mwisho kwa jina kamili, la baba na la babu, mara tatu, na kila aliyemo humjibia. Watu walirekodi hilo kwa simu na kwenda nalo makwao. Kuna waliorudi bila akiba yoyote ya maana lakini rekodi hiyo wanayo mpaka leo.

Siku chache kabla, Wajina alishuka tena kwa dobi. Hakuwa na utani. "Nitaje mara moja tu. Shangazi yuko Australia, hatasikia. Nani atamwambia?"

Faustine aliendelea kupiga pasi kola moja mpaka ikang'aa. Alimpenda yule kijana, naye alijua anachoomba si kikubwa: ni jina lake mwenyewe. Usiku ule alimwandikia Shangazi. Jibu likaja asubuhi, neno moja. Bado.

Ijumaa ikafika. Ukumbi ulijaa hadi ngazini, kwa maana habari ilikuwa imeenea, na nusu ya watu walikuwa wameweka dau kwamba Faustine atalitapika. Walipiga wimbo. Wakafika mwisho, ngoma na besi peke yake. Wajina alikuwa amesimama mbele kabisa na suti aliyoinunua Naif ya kwendea nyumbani. Faustine akapandisha kipaza sauti.

"Uliza mchanga!"

Akafungua mdomo. Kila mtu aliliona jina limemjaa kinywani. Khalfan akaiacha besi, mpiga ngoma akaacha ngoma, na pale ambapo jina lingekaa pakawa kimya, hata friji ya soda tuliisikia. Faustine akafumba mdomo. Machozi yalikuwa yakimtoka waziwazi.

"Mchanga unamjua!" ukumbi ukanguruma, kwa nguvu kuliko siku zote.

Mara tatu hivyo. Kisha Wajina akapanda jukwaani, akampa Faustine mkono. "Umekuwa mtu wa neno," alisema. Hakumkumbatia. Alishuka, akaaga meza chache, akaondoka kabla ya keki. Faustine alirudi chini na kupiga pasi mashuka yaliyokwisha kupigwa.

Toka hapo, kila Ijumaa wimbo ukifika mwisho waliuacha ule upenyo wa kimya. Wageni walidhani bendi imekosea. Wenyeji walisimama. Wengine walikuja na wafu wao wenyewe na kuwalaza humo, mama aliyezikwa mtoto akiwa hajapata tiketi, kaka aliyeanguka jengoni. Hakuna aliyewaambia wafanye hivyo.

Mwishoni mwa mwaka 2016, Jecinta alikuwa akimsuta mtu kuhusu soda, akainua macho, akaiangusha trei. "Woi! Shangazi!"

Alikuwa amekonda kidogo na fimbo ameshika, lakini ni yeye. Alikwenda moja kwa moja kwa Faustine, akamshika mashavu mbele za watu.

"Tumekaa, familia yote," alisema. "Tumesema basi. Nimekuja kukuambia mwenyewe, kama ulivyotaka."

Faustine alikimbilia lifti ya mizigo, akarudi na furushi la karatasi ya dobi. Ndani mlikuwa na zile fulana, zimepigwa pasi, kila moja imekunjwa ndani nje. Alizigeuza moja moja na kuwagawia wenzake. Khalfan alikuwa ameota kitambi, yake ikamgomea tumboni.

Jecinta naye alikuwa kwenye simu, sikio moja kaliziba kwa kidole. "Wee, wacha wateja wangoje! Weka hiyo misumari chini! Usikate, nimesema usikate!" Akapanda jukwaani na kuiweka simu karibu na kipaza sauti. Humo mlisikika jogoo, pikipiki, na mwanaume akiuliza kwa mashaka, "Kwani kuna nini huko?"

Wakapiga wimbo. Shangazi aliketi mbele, miguu chini, fimbo mapajani. Wimbo ukafika mwisho, ngoma na besi peke yake, na pale penye kimya Faustine hakulitaja jina yeye. Alishuka, akapiga goti, akamsogezea Shangazi kipaza sauti, kwa sababu aliyelilaza jina ndiye wa kuliamsha.

Shangazi alilisema kwa sauti ndogo, ya mtu anayemwamsha ndugu yake asimshtue.

"Ronny."

Faustine akasimama. Miaka miwili ilitoka kifuani mwake kwa mkupuo.

"Uliza mchanga! Ronny wa udongo mwekundu! Ronny wa Machakos! Ronny!"

Watu walivuta pumzi ili wajibu. Lakini simu iliwatangulia. Jogoo, pikipiki, halafu ile sauti ya mlinzi wetu wa zamani, inacheka na kulia kwa pamoja, kwa nguvu zote za mtu ambaye sasa ana duka la vifaa vya ujenzi kwao na hajali tena wateja wake:

"Niko! Faustine, niko!"